Pimbi Waliokatwa Vipande Vinne

Hapo zamani za kale, wanangu, mipaka ilipokuwa bado ikiandikwa kwa nyayo wala si kwa wino, wanyama wa Bonde la Mswaki walikuwa na Baraza lao. Msidhani Baraza hilo lilizaliwa likiwa kamili. Kila kilicho hai hukua, na Baraza nalo lilikua. Enzi za mababu lilikuwa na viti vitatu tu: cha mtoni, cha mbugani na cha msituni. Kisha moto ukala msitu, wakazi wake wakahamia vilimani, viti vikawa vitano. Baadaye mto ukahama njia yake, ardhi mpya ikaota majani, viti vikawa saba.

Viti vikabaki saba, ila mipaka haikutulia. Kila masika ya saba wanyama walihesabiwa upya na majimbo yakakatwa upya, ili kila jimbo liwe na vichwa mia moja, au karibu na hapo. Sheria njema, naam. Lakini sheria ni kama kisu: hukata nyama, na hukata kidole.

Aliyehesabu vichwa na kukanyaga mipaka alikuwa Karani Mbuni, kwa kuwa hatua zake ni ndefu na shingo yake huona mbali. Katika ujana wake aliwahi kuhesabu asubuhi, jua likiwa chini na vivuli vikiwa virefu. Akamhesabu twiga, akakihesabu na kivuli cha twiga. Lo! Vivuli vikapewa kiti barazani! Tangu aibu ile ikapitishwa kwamba hesabu itafanywa adhuhuri, saa ambayo kivuli hujificha chini ya mwenyewe.

Sasa, mnamjua pimbi? Ni mnyama mdogo, mnene kidogo, mwenye masikio mafupi na sauti inayomzidi mwili. Nyumba zake ni nyufa za jabali. Asubuhi hutoka yeye na wanawe kuota jua. Adhuhuri jabali huwaka kama kikaango, na pimbi mwenye akili huwa ndani, amelala.

Ndiyo maana Karani Mbuni alipopita Jabali la Pimbi adhuhuri ya mwaka mmoja wa hesabu, aliona tu vikongwe wasiohisi joto na watoto watukutu wasiosikia la mama. Akahesabu: mia moja.

"Karani!" sauti ikaita kutoka ufani. "Ewe Karani, njoo asubuhi utuhesabu sote!"

Alikuwa Bi Siwema Pimbi, mjane wa makamo, mjumbe wa jabali katika Baraza lililokuwa likimaliza muda wake.

"Sheria ni adhuhuri, bibie," Mbuni akajibu kwa upole.

"Kwani mimi hunioni?"

"Naisikia sauti yako. Sheria haihesabu sauti."

Bi Siwema hakukata tamaa. Alikwenda barazani akaomba kwa adabu hesabu ya pili, ya asubuhi. Spika wa Baraza alikuwa Bwana Kiboko. Alipiga mwayo mpana kama mlango wa ghala.

"Adhuhuri ilitutosha sisi na baba zetu," akasema. "Asiyetoka juani hana haja ya kiti."

"Hana!" wakaitikia wakubwa wengine. Faru alisema "hana" mara mbili, kwa kuwa mara ya kwanza alikuwa amegeukia upande usio wenyewe.

Jambo lililomkosesha Bi Siwema usingizi ni hili. Chini ya Jabali la Pimbi palikuwa na chemchemi ndogo ya maji baridi, nayo ndiyo iliyowanywesha pimbi tangu jabali kuwa jabali. Mwaka ule mto ulipungua, na Bwana Kiboko akaitamani chemchemi iwe hodhi lake la kuogea. Hoja yake ilikuwa tayari, ikingoja kikao cha kwanza cha Baraza jipya. Viti vinne kati ya saba vingetosha kuipitisha, na wakubwa walikuwa na sita. Pimbi walikuwa na kimoja. Nanyi mnajua, wanangu, kiboko akishaoga mahali, ni nani atakayekunywa hapo?

Jioni Bi Siwema alikaa kibarazani kwake na mjomba wake, Ferunzi Pimbi, mzee mwenye moyo wa woga na tumbo la kula.

"Tuhame," akasema Ferunzi. "Nasikia ng'ambo kuna mawe mazuri."

"Mjomba, sisi tu wangapi humu jabalini?"

"Karani amesema mia."

"Wewe unasema wangapi? Wewe ndiye unayegawa chakula cha arusi."

Ferunzi akafikiri. "Arusi ya binti Mkasi niligawa sahani mia nne na themanini. Tena zilipelea."

"Haya. Na siku ya kura, nani huruhusiwa kutia kijiwe kibuyuni?"

"Kila mwenye unyayo jimboni. Toka alfajiri mpaka umande ukauke, kwa sababu Bwana Kiboko ngozi yake haivumilii jua."

"Alfajiri mpaka umande ukauke," Bi Siwema akarudia polepole. "Saa ambayo pimbi wote tuko nje."

Ferunzi akaacha kutafuna. "Lakini mpwa wangu, tuko jimbo moja. Hata tutie vijiwe elfu, kiti ni kimoja!"

"Ndipo penye shida yetu, Mjomba. Nami niliomba haki kwa mlango wa mbele, ukafungwa mbele ya pua yangu. Kesho nitapita uani. Nipikie vitumbua."

Asubuhi yake Bi Siwema alishika njia ya mtoni, sinia kichwani. Bwana Kiboko alikuwa nyumbani, amejilaza kwenye tope lake kama sultani kitandani. Karani Mbuni alikuwa ukingoni, akichora majimbo mapya mchangani kwa ukucha, kwacha, kwacha, kwacha.

"Hodi, Bwana Spika!"

"Pita. Umeleta malalamiko?"

"La hasha! Nimeleta vitumbua na shukrani."

Kiboko akafungua jicho la pili. "Shukrani ya nini?"

"Nimesikia jabali letu litabaki jimbo moja, zima, bila kukatwa. Mola akuzidishie! Sasa nina hakika ya kurudi barazani miaka mingine saba."

"Hm," akasema Kiboko, akimeza vitumbua vitatu. "Rudi tu. Sauti moja kati ya saba."

"Moja, ndiyo, lakini ndefu! Bwana Spika, si ndiyo kanuni kwamba mjumbe akisimama kusema hakatizwi mpaka aketi mwenyewe?"

"Ndiyo kanuni," akasema Karani Mbuni bila kuinua kichwa.

"Alhamdulillahi. Nimetayarisha hotuba kuhusu chemchemi. Mwanzo wake siku tatu. Kisha naingia kwenye maana."

Kitumbua cha nne kikasimama njiani. "Siku tatu?"

"Mwanzo tu, bwana. Nikuonjeshe?" Hakungoja jibu. Akajaza kifua, akafumba macho: "Kwii! Kwii! Kwiiii-kwa-kwa-kwaaa!"

Ndege wakaruka mitini. Chubwi! Bwana Kiboko akazama mzima mzima. Alipoibuka, maji yakimtoka masikioni, alisema kwa hasira: "Inatosha! Karani! Jabali hilo likate!"

"Likate, bwana?"

"Vipande viwili! Nusu watie kwa Nyati, nusu kwa Faru. Wachache huku, wachache kule, tuone nani atamrudisha huyu na kwi-kwi yake!"

Bi Siwema akashika kichwa. "Ole wangu, ulimi wangu!" Kisha kama mtu anayejifariji, akasema kwa sauti ya chini, ila si ya chini mno: "Lakini viwili si haba. Hamsini huku, hamsini kule, kwenye vichwa mia. Kwa bahati tutapata viti viwili. Hotuba mbili. Mjomba Ferunzi naye anayo sauti..."

"Vinne!" Kiboko akanguruma. "Karani, vipande vinne! Wawe ishirini na watano kila jimbo, na sabini na watano wetu juu yao!"

"Vinne?" Bi Siwema akaanguka magotini. "Usitufanyie hivyo, Bwana Spika! Utamtenga mama na mwana! Walau vitatu!"

"Nimesema vinne!"

Karani Mbuni akainua shingo. Alikuwa mtumishi mwaminifu, na lilikuwepo jambo lililomkera. "Bwana Spika, jabali lile lina nyufa nyingi, nami sijui ndani mna nini. Kabla ya kukata, nihesabu tena asubuhi?"

Hilo ndilo Bi Siwema aliloliomba juzi kwa haki, na sasa likikubaliwa hila yake ingekufa.

"Adhuhuri!" Kiboko akafoka. "Mara ngapi niseme? Sheria ni adhuhuri! Kata!"

Mbuni akainama akakata, kwacha, kwacha, kwacha, kwacha. Bi Siwema akaondoka akilia mpaka kwenye kona ya njia. Baada ya kona aliketi, akamshukuru Mola wake, akafuta uso kwa ukaya wake wa kichwani.

Miezi miwili baadaye ikafika siku ya kura. Umande ulikuwa mzito na hewa baridi. Katika kila jimbo viliwekwa vibuyu, kimoja kwa kila mgombea, na kila kipande cha jabali kilikuwa kimemtoa pimbi mmoja kugombea. Katika yale majimbo manne yaliyogawana jabali, nyati, faru na jamaa zao walikuja wakicheka, wakatia vijiwe vyao sabini na vitano, wakaanza kurudi malishoni.

Ndipo jua lilipogusa kilele cha jabali.

Akatoka pimbi mmoja. Wakatoka watano. Kisha kila ufa ukafumuka! Akina baba, akina mama na watoto wao, bi arusi na mumewe, wakwe kwa wakwe, kila mmoja na kijiwe chake mkononi, mistari minne ikiteremka pande nne za jabali.

Ti! Ti! Ti! Ti! vikalia vibuyu.

"Hawa wametoka wapi?" akauliza Faru, akitazama upande usio wenyewe.

"Tumetoka kulala, babu," akajibu pimbi mmoja. "Sogea kidogo, unanizibia kibuyu."

Umande ulipokauka, Karani Mbuni alimwaga vijiwe akavihesabu mara tatu, maana hakuyaamini macho yake. Sabini na vitano kwa mia na ishirini. Sabini na vitano kwa mia na ishirini. Ikawa hivyo katika majimbo yote manne.

"Viti vinne vya pimbi," akatangaza. "Vitatu vya wengineo."

Jabali zima likapiga kelele ambayo sitaweza kuwaigia, wanangu, nisije nikawaamsha majirani. Mjomba Ferunzi, aliyekuwa amefunga virago vyake tangu miezi miwili iliyopita, aliketi juu ya virago hivyo akalia kwa faraja, kisha akavifungua kutafuta chakula.

Bwana Kiboko alikuja kikao cha kwanza akiburura miguu. Kiti cha jimbo lake la mtoni alikipata, lakini cha Spika kilikuwa mikononi mwa wenye viti vinne.

"Mlitoka wapi?" akamwuliza Bi Siwema. "Niambie kweli."

"Hatukutoka popote, Bwana Kiboko. Tulikuwepo siku zote. Ulikataa kutuhesabu, basi ukatukata bila kutujua idadi."

Kiboko akainamisha kichwa. Alijua yeye mwenyewe angefanya nini kama angekuwa na viti vinne. Aliuona tayari mto wake umekatwa vipande saba, na wanawe wametawanywa kwenye mbuga kavu. "Basi kateni," akasema kwa sauti ndogo. "Nimewafundisha mwenyewe."

Bi Siwema akasimama. Baraza lote likashusha pumzi kwa huzuni, kwa kuwa lilikumbuka hotuba. Faru akaziba sikio moja.

"Siku tatu?" Kiboko akauliza kwa unyonge.

"Neno moja," akasema Bi Siwema. "Hesabuni." Akaketi.

Ikapitishwa siku ile ile kwamba wanyama wahesabiwe mara mbili, adhuhuri na asubuhi, na asubuhi Karani aguse kila mmoja kwa ncha ya bawa, maana kivuli hakigusiki. Ikapitishwa pia kwamba chemchemi ni ya kunywa kwa kila mwenye kiu, wala si ya kuoga mtu. Kisha Karani Mbuni akashuka mtoni asubuhi, akaona jambo. Watoto wa Kiboko, ambao kila adhuhuri huzama wasionekane hata pua, walikuwa ukingoni wakicheza. Akawagusa mmoja mmoja. Walikuwa kumi na saba, na hakuna hata mmoja aliyewahi kuhesabiwa tangu azaliwe.

Bwana Kiboko akawatazama wanawe, akamtazama Bi Siwema, akatoa pumzi ndefu, puuuh, iliyopeperusha majani ya ng'ambo.

"Kumi na saba," akasema. "Na mimi ndiye niliyekuwa nikiipigania adhuhuri."

"Kunywa maji, bwana," akasema Bi Siwema. "Chemchemi iko pale."

Naye akaenda akanywa, taratibu, bila kuingiza mguu.

Hapo ndipo nyayo za hadithi hii zilipokoma, wanangu, nami nimezifuata kwa kadiri ya macho yangu. Fundisho lake ni hili: anayekataa kuwahesabu wadogo hukata mipaka asiyoijua, na aghalabu hujikata mwenyewe.