Hodi Kwenye Mlango wa Gofu

Mwenye kuchukua mlango huchukua na hodi zake.

Bi Kazija alimtupia maneno hayo jirani yake, ambaye alikuwa amenunua shamba la mikarafuu na sasa anataka kuwafungia watu njia ya kisimani ipitayo humo. Jirani aliondoka amenuna. Vijana waliokuwa wakigeuza karafuu majamvini wakamuuliza bibi: mlango gani huo, na hodi za nani? Bi Kazija akakunja miguu, akawaambia neno hilo halikuokotwa njiani. Lilizaliwa papo hapo kijijini, katika nyumba ya Shaame na mkewe Mize, na lilizaliwa hivi.

Kilimani juu ya kijiji palikuwa na gofu la jumba la mawe. Paa lilianguka zamani, mizizi imepasua kuta, na popo wamejaa katika vidaka vya ukutani vilivyowahi kupambwa sahani za kigeni. Lakini mlango ulikuwa mzima. Ulikuwa mlango wa mfenesi, umechongwa maua na minyororo, umetiwa komeo kwa ndani. Ukuta wa ubavuni ulikwisha kubomoka, mbuzi wakiingia na kutoka watakavyo, na bado hakuna mtu aliyethubutu kulitoa komeo lile.

Shaame alipomaliza kujenga nyumba yake hakuwa na mbao nzuri za mlango. Akapanda kilimani na mtaimbo pamoja na wenzake, wakarudi wameuchukua mlango ule mabegani. Mize aliusugua kwa mafuta ya nazi mpaka ukang'aa, na katika kuusugua akaona jambo. Juu, nakshi zilikuwa kali kana kwamba fundi ameondoka jana. Chini, usawa wa goti, upande wa nje, mbao zimelika na kulainika, maua yote yamefutika.

"Hapa pamefanywa nini?" akauliza.

"Mbuzi," Shaame akajibu. "Wamejikuna hapo miaka na miaka."

Mize akaendelea kusugua. Nyumba ilikuwa nzuri, na watu walikuwa wakija kuistaajabia.

Hazikupita siku nyingi. Alasiri moja Mize alikuwa ukumbini akichagua mchele, akasikia mlango unabishwa. Haukubishwa juu, mkono wa mtu unapofika. Ulibishwa chini. Kisha ikaja sauti nyembamba, ya mtu aliyekaukwa koo:

"Hodi."

"Karibu," akaitikia, akaenda kufungua. Barazani hapakuwa na mtu. Kuku walikuwa wamejikusanya pembeni mwa ua, wote wametazama pale kizingitini.

Kesho yake hodi zikaja tena, kwa sauti ya mwanamume. Siku nyingine ilikuwa ya mtoto. Zilikuja tatu tatu, kama ilivyo ada ya mgeni mwenye adabu, kisha kimya, kisha sauti ya kitu kinachojiburura ardhini kikienda zake.

Mize akamwendea bibi yake, Bi Riziki, aliyekuwa mkongwe kuliko wote pale kijijini. Bibi aliposikia kuwa mlango ule umeteremshwa, aliweka chini ukindu aliokuwa akisuka.

"Mwaka wa ndui," alisema, "wagonjwa walifukuzwa majumbani. Wakapanda kilimani, maana mwenye jumba lile alikuwa na kisima ndani ya ua wake. Naye akatia komeo. Walibisha wamesimama. Waliposhindwa kusimama wakabisha wamekaa. Mwisho walibisha wamelala. Hakuwafungulia. Na ndui haikuhitaji kufunguliwa mlango, ilimfuata humo humo ndani."

"Walikuwa wakitaka nini, bibi?"

"Maji, mjukuu wangu. Kitu gani tena?"

Mize alipomweleza mumewe, Shaame alicheka, lakini chakula hakukigusa. Tangu siku hiyo akapiga marufuku: ikishapita alasiri, hodi isijibiwe katika nyumba ile. Ukiitika, alisema, umekaribisha. Majirani wakaizoea amri hiyo, wakawa wanakuja asubuhi. Aliyekuwa haijui ni Time, dada yake Shaame, aliyeolewa kijiji cha mbali.

Jua lilikuwa linashuka siku ile Time aliyokuja. Mwanawe alikuwa mgongoni anawaka homa, tabibu alikuwa mjini, na kaka yake ndiye aliyekuwa na punda na gari. Alikuwa ametembea tangu mchana. Ndani, Shaame na Mize walikuwa wamekaa ukumbini bila kusemezana, kama ilivyokwisha kuwa kawaida yao saa ile.

Mlango ukabishwa. "Hodi."

Mize alitazama chini. Sauti ilikuwa kavu, kama zile nyingine.

"Hodi wenyewe."

Safari hii mkono ulibisha chini, maana Time alikuwa ameishiwa nguvu, amekaa kizingitini. Mize akanyanyuka. Shaame akamshika kifundo cha mkono.

"Kaa."

"Hii ni sauti ya mtu, Shaame."

"Zote ni sauti za watu."

Kisha sauti ikaita polepole, karibu sana na mbao: "Shaame. Kaka Shaame, hodi."

Mize aliuona uso wa mumewe ukibadilika rangi. "Wamelijua jina langu," akanong'ona, na akazidi kumkaza mkono. Wakasikiliza kitu kikijiburura ardhini, kikienda zake.

Habari zilifika asubuhi. Mtoto wa Time alikata roho mgongoni mwa mama yake, njiani, kabla ya kufika mjini.

Msibani Time hakulia mbele ya kaka yake. Alimtazama tu. "Nilikuita kwa jina lako," alisema.

Shaame alirudi nyumbani, akashika shoka, akaung'oa mlango na miimo yake. Akaupandisha kilimani peke yake, akiuburuta, akausimamisha gofuni pale pale alipoutoa. Penye uwazi wa nyumba yake akatundika mkeka.

Alasiri ikapita. Wakakaa. Mkeka ulikuwa umetulia, hapakuwa na upepo. Na pale chini, usawa wa goti, ikasikika ngumi ikigonga mbao, wala mbao hazikuwapo.

"Hodi."

Shaame akajifunika uso. "Nimeurudisha," akasema. "Nimeurudisha, wanataka nini kwangu?"

"Mlango umeurudisha," Mize akamjibu. "Hodi hukuzirudisha."

Akachota maji mtungini, akajaza kata. Akausogeza mkeka, akasema kwa sauti, kama unavyowaambia wageni waliotoka mbali: "Karibuni. Piteni, mnywe."

Baridi ilimpita miguuni, na harufu ya udongo uliochimbuliwa sasa hivi. Ilipita moja, ikafuata nyingine, na nyingine, mpaka ukumbi ukajaa pumzi. Mize alisimama ukutani asithubutu kujongea. Walipokwisha kutoka aliiinua kata. Ilikuwa tupu, na ukingo wake una joto.

Tangu siku hiyo akawa anafanya hivyo kila siku, na mkeka ukabaki umekunjwa. Wasafiri wa kweli nao wakajua kwamba pale kwa Shaame hapafungwi. Wakawa wanaingia kunywa maji, na Mize hakuuliza kamwe nani ni nani.

Mwaka ulipokaribia kuisha, Time alikuja. Alisimama nje, mdomo ameufumba. Hodi hakuipiga.

"Karibu, wifi," Mize akamwita kutoka ndani. "Karibu, usingoje."

Time akaingia, akaketi. Wakala, na maneno yalikuwa machache. Jua lilipoinama ikasikika hodi katika uwazi ule mtupu. Time alishtuka, akaruka kusimama. Lakini aliyenyanyuka kwenda mtungini hakuwa Mize. Alikuwa Shaame, tena bila kuambiwa. Akajaza kata, akaenda kizingitini, akapiga magoti ili sauti yake ifike pale chini wao walipo.

"Karibuni," akasema. "Nimewasikia."

Time alimtazama kaka yake alivyoinama, mabega yamemlegea, kata imetangulizwa mbele ya watu asiowaona. Machozi aliyoyazuia msibani yakamtoka sasa.

"Ndivyo, kaka," akasema. "Mwenye kuchukua mlango huchukua na hodi zake."