Mgombea Aliyejitukana

Mniwie radhi, wanangu. Hadithi hii huisimulia vizuri shangazi yangu. Mimi huiharibu tu. Lakini shangazi kasikia nipo, kagoma kuja. Basi vumilieni.

Hapo zamani za kale, enzi za kampeni bila spika, Fisi na Kiboko waligombea uenyekiti wa kisima. Jukwaa lilikuwa kichuguu, na ndani ya kichuguu hicho aliishi Bi Nguchiro na wanawe wanne.

"Mpinzani wangu ni nguruwe!" akanguruma Kiboko.

"Na yeye ni chura aliyevimba!" akajibu Fisi.

"Jamani!" akalia Nguruwe kule chini. "Mie nimekuja kusikiliza tu!"

Chura alisusa, akaondoka zake, pwa! pwa! pwa!

Wazee wakatunga sheria papo hapo: mgombea atakayetamka jina la mnyama jukwaani, ameanguka. Hakuna rufaa.

Wee! Bila matusi, wagombea wakakosa la kusema. Fisi akakuna kichwa, kisha akapanda juu.

"Nikishinda, nakibomoa kichuguu hiki, naweka kiti changu!"

"Mimi nitakikalia tu," akasema Kiboko. "Kitabomoka chenyewe."

Udongo ukaporomoka, pu! juu ya watoto. Bi Nguchiro akachomoza kichwa, akamtazama Fisi.

"Sera nzuri, bwana mkubwa! Ila wageni wa ng'ambo ya mto hawakujui. Jitambulishe!"

Fisi akatanua kifua. "Hamnijui? Mimi ndiye Fisi!"

"Looo! Katamka!" akapaza sauti Bi Nguchiro.

"Lakini si jina langu?"

"Ni la mnyama, si la mnyama? Umejitukana, baba. Shuka!"

"Shuka! Shuka!" umati ukapokea. Fisi akafyata mkia, akashuka.

Kiboko akapanda, huku akicheka kwa-kwa-kwa mpaka kichuguu kikatikisika. Bi Nguchiro akampigia vigelegele.

"Hongera, Mwenyekiti! Wasije wakasema umepita bila kupingwa. Hebu watajie, umembwaga nani?"

"Nimembwaga Fisi!"

"Shuka, baba," akasema Bi Nguchiro. "Polepole. Watoto wamelala."

Ndiyo hivyo, wanangu: ukilifanya jina la mwenzako tusi, jiandae kushindwa kutaja lako.

Nami niliyepanda juu ya benchi hili kugombea makofi yenu, nimemtaja Fisi mara ngapi? Haya, haya, nashuka mwenyewe. Msinisukume. Na shangazi asiambiwe.