Kilemba Kimoja, Vichwa Vitatu

Hapo zamani, enyi mliokaa kitako mkinisikiliza, huko Uzaramo palikuwa na mtu akiitwa Kondo. Jembe lilimchosha hata kulitazama. Lakini mdomo! Mdomo wake haukujua kupumzika.

Siku moja Bi Nyamizi, Mnyamwezi aliyehamia mjini kwao, alifiwa na mume. Akamwimbia wimbo wa kumlilia, na msiba mzima ukatoka machozi. Kondo akainuka. Desturi mnaijua: Mzaramo na Mnyamwezi ni watani, na mtani ana ruhusa ya kutania hata msibani. Akajilaza kando ya jeneza, akashika mahadhi yaleyale, akatia maneno mengine:

"Amka bwana amka, nyumbani maji hatuna,
Umekufa kwa hakika, au kazi umeona?"

Wafiwa wakaangua kicheko. Mjane mwenyewe akajishika mbavu.

Basi utani wa msibani huachwa msibani. Kondo hakuuacha. Akaupeleka arusini, akaupeleka ngomani, akaupeleka sokoni, na kila alikopita watu walianguka chini kwa kucheka. Jina likapanda. Na Bi Nyamizi je? Akifungua kinywa kumlilia mumewe, watu wanacheka. Mimi msimulizi tu iliniuma, sembuse yeye.

Ikafika sikukuu ya mavuno. Jumbe, mkuu wa mji, akatoa kilemba cha hariri, tena si kilemba cha ukoka. Akasema, "Kondo, ukiuchekesha uwanja huu, kilemba chako, nawe utakuwa mchekeshaji wa mji maisha yako yote. Ukishindwa, jembe linakungoja."

Kondo akaingia uwanjani kwa madaha. Akafungua kinywa. Sauti hakuna! Arusi zilikuwa zimeikausha yote, ukatoka mkoromo tu. Watu wakaanza kumzomea.

Ndipo Bi Nyamizi akasimama. "Nyamazeni! Huyu mtani wangu. Wa kumzomea ni mimi."

Akauimba wimbo wake kwa maneno ya Kondo, uso mkavu, sauti ya kilio kabisa. Uwanja ukalipuka! Ubeti wa pili ukampotea. Mwanahawa, mke wa Kondo, akautoa kwa sauti kubwa kutoka katikati ya watu, mikono kiunoni. Kondo naye akajitupa chini, akawa maiti mvivu, akifumbua jicho moja kila maji yanapotajwa. Vigelegele! Watu walilia kwa kucheka, na Jumbe akadondosha bakora yake.

"Haya," akasema Jumbe akijifuta machozi, "nimvike nani?"

Bi Nyamizi akasema, "Mahadhi ni yangu. Niliyatunga kwa uchungu wa mume wangu, mtani akayachukua nikanyamaza. Na leo aliyeimba ni nani?"

Mwanahawa akasema, "Maneno ni yangu! Hayo ndiyo ninayomwambia huyu kila asubuhi, naye hajaongeza hata moja. Mji mzima unacheka nyumba yangu."

Kondo akanong'ona, maana sauti hana, "Mahadhi yalikuwapo. Maneno yalikuwapo. Lakini nani alithubutu kuyakutanisha mbele ya jeneza?"

Uwanja ukagawanyika, huku Nyamizi, huku Mwanahawa, huku Kondo, wote wakishangilia. Jumbe amesimama na kilemba mkononi, na hariri haichanwi.

Mimi nimefika mwisho wa ninalolijua, sasa semeni nyinyi. Je, nani alistahili?