Halua ya Hotuba ya Simba

Ukame ulipoingia mwaka wa pili, wanyama wa Bonde la Miiba walibakiwa na kisima kimoja tu, nacho kilikuwa nyuma ya jiwe la Simba. Simba hakuwa mchoyo wa maji. Alikuwa na maneno mengi, basi. Kila siku ya saba alikifungua kisima, lakini kwa mila ya ukoo wake hakuna aliyeruhusiwa kunywa kabla mfalme hajamaliza kujisifu. Alianza jua likichomoza, akamaliza jua likizama, na katikati hakupumzika.

Wanyama wangekufa midomo wazi kama si halua ya Bi Kobe. Aliipika kwa asali ya mwituni, ufuta na mizizi ambayo hakumtajia mtu. Kabla ya hotuba kila mnyama alimeza tonge moja dogo, na akishameza, siku nzima ilimpita kama chafya. Simba akisema "Mimi," mara anasikia "Ahsanteni," na jua limezama. Simba aliwaona wametulia, macho yamewatoka, akaamini wamelewa ufasaha wake. Hakuna aliyekuwa mjinga wa kumsahihisha.

Fisi ndiye aliyegundua faida nyingine. Wenzake wakishameza, hawaoni wala hawasikii mpaka jioni; na Simba, akifika kwenye sifa ya tatu ya babu yake, hufumba macho kwa raha. Basi siku moja Fisi alilibana tonge lake kwapani, akangoja mfalme afumbe macho, akazunguka nyuma ya jiwe. Alikunywa mpaka tumbo likaburuta chini. Kisha akarudi mahali pake, akapiga miayo.

Jioni kata iligonga tope. Mama Paa, aliyekuwa wa mwisho kwenye foleni, aliondoka na kibuyu kitupu. Alikuwa amezaa siku tisa zilizopita, na maziwa yalikuwa yameanza kumkauka.

"Maji yameenda wapi?" aliuliza Simba.

"Wadogo hawa, Mfalme," alisema Fisi huku akijikuna kwapa. "Wanajifanya wanakunywa kidogo, kumbe ni wengi. Wangenyimwa zamu moja tu, kisima kingejaa."

Simba hakupenda kufikiri akiwa amechoka kusema. Akaamua kwamba wiki ijayo wadogo hawatapata kitu.

Mama Paa hakulia. Hata machozi yanahitaji maji. Alimwambia tu Sungura, jirani yake, "Kaka, zamu ijayo nikikosa tena, sina mtoto."

Sungura aliumia moyo, na Sungura akiumia moyo huwa mbaya. Alimtazama Fisi akienda zake, bado anajikuna, na mstari wa sisimizi umempanda mguu hadi kwapani. Sisimizi hawafuati jasho la fisi. Hata nzi hulikwepa. Walikuwa wanafuata asali. Papo hapo Sungura akajua nani hakumeza halua yake, akaenda moja kwa moja kwa Bi Kobe.

"Bi Kobe, ule ukoko wa chini ya sufuria unaupeleka wapi?"

"Naufukia, mwanangu. Halua hufupisha muda, lakini ukoko umeungua, unafanya kinyume. Marehemu mume wangu aliulamba mara moja. Aliniambia amengoja uji upoe miaka mitatu, na uji wenyewe ulikuwa bado unatoa mvuke."

"Safari hii usiufukie."

Siku ya saba halua iligawiwa, wanyama wakameza. Sungura hakumeza. Alipita mbele ya Fisi amebeba sufuria aliyoifunika kwa majani, anatembea kwa madaha.

"Unapeleka wapi hiyo?" aliuliza Fisi.

"Ni ukoko. Huu wakubwa hula peke yao, sisi tunadanganywa na vitonge. Nimekuambia wewe kwa sababu ni muungwana, Bwana Fisi, najua hutaugusa."

Hakuna aliyewahi kumwita Fisi muungwana, na uungwana wenyewe haukudumu. Alimpokonya sufuria, akaikwangua mpaka ikang'aa. Kisha akaketi mbele kabisa, akisubiri mfalme afumbe macho kama kawaida.

Simba alipanda jiweni, akafungua kinywa kusema "Mimi."

Kwa Fisi neno hilo halikwisha. Alihesabu manyoya yote ya shingo ya Simba, akakosea, akaanza tena. Alimkumbuka mama yake. Aliwasamehe adui zake wote, kisha akawachukia upya mmoja mmoja. Simba bado alikuwa kwenye "Mi." Sisi tungesema ni kufumba na kufumbua, Fisi angeapa kwamba ni masika kumi na moja, na sifa ya tatu ya babu bado iko mbali.

"Ni mimi niliyeiba," alipayuka Fisi. "Nilikunywa nyuma ya jiwe, wadogo hawana kosa. Nipeni adhabu yoyote, ila huyu anyamaze."

Simba alibaki ameduwaa. Kuibiwa maji angeweza kusahau, lakini hakuwahi kukatizwa tangu azaliwe.

"Mfalme," alisema Sungura, "kama Fisi alikunywa kabla hujamaliza, mila ilishavunjika. Mtoto wa Paa akinywa sasa, haitavunjika zaidi."

Simba alipunga mkia kukubali, akawarudishia wadogo zamu yao. Sungura mwenyewe alichota kata ya kwanza, na yule mtoto akanywa mpaka akapaliwa. Mama yake hakuona. Halua ilikuwa imeshamchukua. Jioni angezinduka akute kibuyu kimejaa na mwanawe amelala ameshiba, na kwake yeye hata chafya moja haijapita.

Fisi, aliyezoea kuwaibia wenzake wakati muda umewatoroka, alifungwa mkia kwenye jiwe, chini kabisa ya kinywa cha mfalme, ili asikose neno.

"Nilikuwa nimefikia wapi?" aliuliza Simba.

"Ulikuwa hujamaliza 'Mimi,' Mfalme," alisema Sungura.

"Basi," alisema Simba akisafisha koo, "tuanze mwanzo."