Hondohondo Aliyeziba Mlango

Paukwa!

Pakawa!

Nyie wa huko mlangoni, mmekula au hamjala? Paukwa!

Pakawa!

Haya, sasa nimewasikia.

Hapo zamani za kale, ndege walipokuwa na kadhi wao, waliishi hondohondo wawili kwenye mti wa mkuyu. Mume akiitwa Shebe, mke akiitwa Mwanaidi. Desturi ya hondohondo mnaijua? Mama akitaka kutaga huingia ndani ya tundu la mti, mlango ukazibwa kwa udongo, ukabaki ufa tu. Baba hupitisha chakula hapo ufani mpaka kinda apate nguvu.

Mwanaidi akakaa ndani miezi mitatu. Giza. Joto. Manyoya yakamnyonyoka. Shebe alileta tini, alileta panzi, lakini siku nyingine alichelewa. Akichelewa, anakaripiwa. Akikaripiwa, ananuna, na kesho anachelewa zaidi. Wakazozana, wakazozana, mpaka siku Mwanaidi alipotoka tunduni kila mtu akashika njia yake. Binti yao Tunu akabaki mle ndani, bado hajui kuruka.

Sasa mtoto akae na nani? Wakaenda kwa Kadhi Korongo. Korongo akasimama kwa mguu mmoja, akafikiri. Akabadilisha mguu, akafikiri tena.

“Mtoto atakaa na mama yake,” akasema. “Na kila Ijumaa baba yake atamwona. Mmesikia?”

“Tumesikia, Kadhi.”

Mwanaidi akarudi mbio mkuyuni. Alikuwa na hofu, maskini, hofu ya kweli. Itakuwaje Shebe akimchukua Tunu asimrudishe? Akachota udongo. Pwata! Pwata! Pwata! Akaziba mlango, akaacha ufa.

Ijumaa Shebe akaja. Ko! Ko! Ko!

“Tunu wa baba, upo?”

“Nipo, baba!”

“Mwanaidi, mbona umeziba?”

“Kadhi kasema umwone. Jicho lake si hilo hapo? Mwone.”

Shebe akaliona jicho moja la mwanawe. Akampitishia tini. Akamsimulia habari za tumbili aliyekalia siafu, na Tunu akacheka mpaka mti ukasikia. Kicheko kile kikamchoma Mwanaidi. Kwangu mimi hacheki hivi, alijisemea. Shebe alipoondoka tu, akaongeza udongo. Pwata! Pwata!

Ijumaa ya pili, pale ufani ilipita ncha ya mdomo wa Shebe tu. Alfajiri ya Ijumaa ya tatu akaongeza udongo. Mara hii ikapita sauti peke yake.

“Tunu wa baba, upo?”

“Nipo, baba. Lakini huku pamebana.”

Mwanaidi alisikia. Akajifanya anajichana manyoya. Baba mtu alipoondoka, akapaka tena.

Kesho yake Mwanaidi akaleta panzi mnono. Akatafuta ufa. Mdomo haupiti! Siku zote alikuwa akimzibia Shebe, akasahau kwamba na yeye ana mdomo. Na jua la kiangazi lilikuwa limeukausha udongo, mgumu kama jiwe. Ko! Ko! Ko! Haukumeguka hata kidogo.

“Mama, joto.”

“Vumilia, mwanangu. Vumilia.”

“Mama…”

Kisha kimya.

Mwanaidi akaruka mbio mpaka kwa Shebe.

“Mbona leo si Ijumaa?” Shebe akashangaa.

“Najua si Ijumaa! Nimemfungia mtoto, Shebe. Njoo!”

Shebe hakuuliza neno la pili. Wakafika, wakagonga. Huyu ko! Yule ko! Huyu ko! Yule ko! Mara kutoka ndani, kwa mbali: ko.

“Yupo!” Mwanaidi akapiga ukelele.

Puu! Udongo ukaanguka. Tunu akatoka, vumbi tupu, bawa moja limejikunja. Akavuta pumzi. Akamtazama mama yake. Akamtazama baba yake, juu mpaka chini, akamzunguka nyuma.

“Baba! Kumbe una mkia!”

Shebe akacheka, halafu akalia. Mwanaidi hakucheka. Alikaa tawini, aibu imemjaa. Mtoto mzima hajui kwamba baba yake ana mkia! Akangoja kusikia Shebe akisema, twende kwa Kadhi.

“Nitakuja Ijumaa,” Shebe akasema.

“Njoo,” Mwanaidi akajibu. “Na usichelewe.”

Wakarudiana? Hawakurudiana, msinikatize. Ila Ijumaa ile Mwanaidi alimchana Tunu manyoya, akalinyoosha lile bawa, akampeleka mwisho wa tawi. “Baba yako yule. Nenda.” Tunu akaruka, pu pu pu! Shebe akaruka chini yake, asije akaanguka.

Mwanaidi akabaki peke yake. Mchana ule ulikuwa mrefu, jamani. Aliutazama udongo pale chini, akautazama tena. Hakuugusa.

Jua likapungua. Mara akasikia kwenye gome la mkuyu: ko! ko! ko!

“Mama, upo?”

“Nipo, mwanangu,” akasema. “Nipo.”

Basi, wazazi mkiachana, mmeachana nyinyi. Mtoto hajaachana na mtu. Msimzibie njia ya baba wala ya mama. Na hadithi yangu imeishia hapo mkuyuni, mlango wazi.