Macho-Manne Apita Lango Kuu

Naja, naja!
— Njoo, tumekaa!
Naja na mzigo!
— Utue, tuufungue!
Ndani yake mna nini?
— Mbebaji ni wewe, sema!

Basi nautua. Hapo zamani, zamani ambazo hata yule mzee wenu aliyekaa pale mwisho hakuwa amezaliwa, na ninyi mnajua alivyo mzee, palikuwa na mji katika nchi ya Uajemi, ukiitwa Rigabadi. Mbele yake jangwa, nyuma yake jangwa, katikati bustani za makomamanga. Mji ulizungukwa na ukuta, na ukuta ulikuwa na lango moja tu.

Katika mji huo walikaa watu wa dini mbili. Waliotangulia ni Wamajusi, wanaosali mbele ya moto. Baadaye wakaja Waislamu, wakajenga msikiti. Mwaka ukapita, huyu akasilimu. Mwaka ukapita, yule akasilimu. Mwaka ukapita, Wamajusi wakabaki mtaa mmoja nyuma ya soko la sufu.

Mtaani humo alikaa Piruza, mfumaji wa mazulia, pamoja na mama yake, Shirinbanu. Piruza alikuwa na mdogo wake wa kiume aliyeitwa Mihraban. Kijana huyo alisikia adhana siku moja akiwa bustanini, akasimama, akalia, akaenda msikitini. Hakuna aliyemlazimisha wala kumpa kitu. Akasilimu, akaitwa Abdulbari, na Liwali wa mji akamfanya bawabu wa lango kuu.

Mama yake hakumfukuza. Alimwambia, "Nenda, mwanangu, lakini uje kula." Piruza ndiye aliyekasirika. Miaka mitatu alipita langoni uso kaukunja, salamu hatoi, salamu hapokei.

Sasa sikilizeni kisa cha mbwa. Siku moja mbwa aliingia ua wa msikiti, akanywa kwenye birika la udhu. Liwali akawaka. "Mbwa wote watoke mjini! Asibaki hata mmoja!" Askari wakapita mtaa kwa mtaa na fimbo na mawe. Jioni ile hakukusikika mlio wa mbwa Rigabadi.

Kwa Waislamu, mate ya mbwa ni najisi, yakikugusa unaosha. Kwa Wamajusi, mbwa ni mwenzi wa nyumba. Kwao mtu akifa huletewa mbwa amtazame usoni, maana wanasema jicho la mbwa hufukuza uovu unaokuja na mauti. Akishatazamwa, ndipo hubebwa hadi mlimani, akalazwa juu ya mnara wa mawe, akaachiwa jua na ndege. Hawamziki, wasichafue ardhi. Hawamchomi, wasichafue moto. Na hubebwa mchana tu, jua likiwa juu.

Mwezi mmoja baada ya amri ile, Shirinbanu akalala kitandani asiinuke tena. Alfajiri akamwita bintiye.

"Piruza."

"Labeka, mama."

"Mbwa anitazame."

"Atakutazama, mama."

"Usiniahidi ili kunifurahisha."

"Nakuahidi, na nitafanya."

Mama akashusha pumzi, na hakuipandisha tena.

Akaja kuhani wa Wamajusi, Mzee Ardashiri, na wabebaji wawili. Akamtazama marehemu, akamtazama Piruza, akasema, "Mwanangu, mbwa hakuna. Nitamwombea, tumbebe hivi hivi. Mungu anaona."

"Mungu anaona, kuhani, na mimi nimeahidi. Nisubirini."

"Joto hili halisubiri. Jua likigusa ukuta wa magharibi tutambeba, kwa mbwa au bila mbwa."

Piruza akajifunga mtandio, akatia mkate kifuani, akatoka.

Langoni akamkuta bawabu. Abdulbari alipouona uso wa dada yake, akauliza neno moja tu: "Mama?"

"Amefariki."

Kijana akainamisha kichwa, akasema maneno wayasemayo Waislamu wakifikwa na msiba. Kisha akasema, "Mbona unatoka, naye yuko ndani?"

"Nakwenda kutafuta mbwa."

"Dada, amri ya Liwali..."

"Sikukuuliza habari za Liwali."

Akapita. Akaingia jangwani, na njiani akaimba. Nanyi muimbe nami, msiniachie peke yangu:

*Mama kalala, jua lapanda,*
*miguu yangu, twende, twende!*

Akavuka kilima cha kwanza. Akamkuta mbweha kakaa juu ya jiwe.

"Binti, wataka nini jangwani?"

"Nataka mbwa akamtazame mama yangu."

"Nichukue mimi. Masikio ninayo, mkia ninao, meno ninayo. Nipe kuku wawili tu, nitakaa mbele ya mama yako nikatulia kama mbwa wa kuzaliwa. Nani atajua?"

"Mimi nitajua," alisema Piruza, akaenda zake.

*Mama kalala, jua la utosi,*
*miguu yangu, twende, twende!*

Akavuka kilima cha pili. Akamkuta tumbusi, shingo tupu, kakunja mabawa.

"Binti, wataka nini jangwani?"

"Nataka mbwa akamtazame mama yangu."

"Mama yako nitamtazama mimi jioni. Haraka ya nini?"

Piruza hakuchukia, kwani tumbusi alisema kweli. Kazi yake kwa Wamajusi ilikuwa hiyo. Akamjibu, "Zamu yako ni ya mwisho, ndege. Mimi natafuta wa kwanza. Wewe unayeona mbali, mbwa umewaona wapi?"

"Nyuma ya kilima cha tatu, korongoni, penye kisima kilichofukiwa. Lakini hawatakupenda."

*Mama kalala, jua lashuka,*
*miguu yangu, twende, twende!*

Akavuka kilima cha tatu, akashuka korongoni. Mbwa walikuwa wamelala chini ya mwamba. Mmoja alikuwa na mguu uliovunjika, mwingine jicho moja. Akainuka mbwa jike mweupe mwenye madoa mawili ya manjano juu ya macho. Piruza alimjua. Huyo ndiye Macho-Manne, aliyekuwa akilala kizingitini mwao.

Macho-Manne akasema, "Umefuata nini?"

"Mama amefariki. Nakuomba ukamtazame."

"Siku ile ya mawe nilikimbilia mlango wenu. Nikaukwaruza mara ya kwanza. Nikaukwaruza mara ya pili. Nikaukwaruza mara ya tatu. Ulikuwa ndani?"

Hapo Piruza angeweza kusema uongo. Angesema alikuwa sokoni, angesema alikuwa kisimani, mbwa asingejua.

"Nilikuwa ndani," alisema. "Nilisikia mara zote tatu. Askari walikuwa njiani, nikaogopa. Nikaegemea mlango kwa mgongo, usifunguke."

Mbwa wote wakamtazama.

"Nimekuwa nikimlaumu ndugu yangu kwa mambo ya Liwali," Piruza akaendelea, "na mlango niliufunga mimi. Kwa ajili yangu usije. Njoo kwa ajili ya yule aliyekukatia mkate kila siku kabla hajatia wake kinywani."

Macho-Manne akafikiri. Akasema, "Shirinbanu nitamwendea. Lakini gunia siingii, na tundu la ukuta sipiti. Nilitolewa kwa lango kuu mchana, watu wakinitazama. Nitaingia kwa lango kuu mchana, watu wakinitazama, na mkono wako uwe mgongoni mwangu."

"Wakikupiga?"

"Watatupiga wote wawili."

"Twende," alisema Piruza.

Wakarudi mbio. Kilima cha tatu wakakipita, cha pili wakakipita, cha kwanza wakakipita. Walipofika mbele ya lango, jua lilikuwa limebakiza urefu wa mkono mmoja ligonge ukuta.

Lango lilikuwa limefungwa. Abdulbari alikuwa juu ya lango, fimbo mkononi. Nyuma yake watu walikuwa wameanza kukusanyika.

Piruza akaita, "Mihraban! Fungua!"

Kimya.

"Mihraban! Fungua!"

Kimya.

Piruza akatazama mkono wake uliokuwa juu ya manyoya meupe. Akatazama juu, kwa yule kijana ambaye utotoni yeye ndiye aliyemfundisha kutembea, na ambaye kwa miaka mitatu hakutaka kulitamka jina lake jipya. Akavuta pumzi.

"Abdulbari," aliita, "ndugu yangu. Fungua."

Abdulbari akashuka ngazi. Akasimama nyuma ya mbao za lango, na sauti yake ikapita kwenye ufa.

"Dada, nikifungua nitaikosa kazi. Labda na mgongo wangu utachapwa."

"Najua."

"Na huyo ni najisi kwangu. Sitamgusa."

"Sikuombi umguse. Nakuomba ufungue."

Komeo likalia. Lango likafunguka.

Mtu wa kwanza akapiga kelele: "Mbwa! Mbwa mjini!" Wa pili akaokota jiwe. Wa tatu akalirusha, likampiga Piruza begani. Macho-Manne hakukimbia. Piruza hakuondoa mkono wake.

Ndipo Abdulbari akatoka langoni, akatangulia mbele yao hatua tano, fimbo kaishika kwa mikono miwili, kailaza kifuani.

"Mama yangu amekufa," aliwaambia watu. "Huyu anakwenda kumtazama, kisha atatoka. Anayetaka kurusha jiwe, anirushie mimi."

Alisema hivyo sokoni. Alisema hivyo mbele ya msikiti. Alisema hivyo kwenye kona ya wafumaji. Na mara ya tatu hapakuwa na mwenye jiwe mkononi.

Wabebaji walikuwa wameshaliinua jeneza la chuma. Kuhani alipomwona mbwa mlangoni, akasema, "Teremsheni."

Wakaufunua uso wa Shirinbanu. Macho-Manne akasogea, akakaa, akamtazama. Akamtazama sana. Kisha akalala chini, kichwa juu ya miguu yake ya mbele, akatoa sauti ndogo ambayo hakuna aliyeielewa. Piruza akauma mtandio wake asilie kwa nguvu. Nje ya mlango Abdulbari naye alikuwa analia, uso ukutani.

Wakambeba jua likiwa bado halijatua. Mlimani hupanda wabebaji tu, basi ndugu wawili wakabaki chini, Piruza akisoma dua zake, Abdulbari akisoma dua zake, kati yao hatua kumi.

Waliporudi, Piruza akampa Macho-Manne mkate. Mbwa akaula wote.

"Kaa kwetu," Piruza akamwomba. "Mlango sitaufunga tena."

"Nilikuja kwa ajili yake," alisema Macho-Manne. "Kwako bado sijaja." Akapita lango kuu, akatokomea jangwani. Piruza akalipokea jibu hilo, kwani alijua halikuwa la uonevu. Kesho yake akavuka vilima vitatu na kapu la mikate, na keshokutwa akavuka tena.

Na Abdulbari? Alikwenda kisimani, akafua nguo zake, akaoga, akavaa kanzu safi, akasali. Kisha akaitwa barazani.

Liwali akasema, "Nilikupa lango ulilinde."

"Nililinda, bwana."

"Mbwa aliingia."

"Aliingia, akatazama, akatoka."

"Na dini yako uliisahau?"

"Dini yangu inaniambia nioshe, nimeosha. Inaniambia nimheshimu mama yangu, nimemheshimu. Sikumbuki iliponiambia nimfungie njia ya mwisho."

Hapakuwa na mtu pale barazani asiyezaliwa na mama. Lakini Liwali ni Liwali, neno lake hawezi kulimeza mbele ya watu. Akanyoosha mkono: "Lete funguo." Abdulbari akazitoa, akaenda kuwa mchambuaji wa sufu sokoni. Mgongo wake haukuguswa. Amri nayo haikufutwa. Ila tangu siku ile, kila Mmajusi alipofiwa, bawabu mpya alishikwa na kiu ya ghafla, akaenda kunywa maji, na lango akaliacha wazi.

Wamajusi husema roho hukaa karibu siku tatu, na alfajiri ya nne huondoka. Alfajiri hiyo Piruza alikuwa darini, kawasha moto mdogo kwenye chetezo. Adhana ikaadhiniwa, watu wakasali, msikiti ukamwagika. Mara akasikia mtu chini.

"Hodi."

"Karibu, Abdulbari. Panda."

Akapanda, akakaa upande wa pili wa chetezo.

"Leo ni ya nne," alisema.

"Hukusahau."

"Nitasahauje, dada?"

Piruza akatia kijiti cha msandali motoni. "Saa hii anafika kwenye daraja la roho," alisema. "Kwa mwema ni pana, kwa mwovu ni kama ukingo wa kisu."

Abdulbari akageuka. "Hata sisi tumefundishwa daraja. Jembamba kuliko unywele, na mwema huvuka kama umeme."

"Ni lile lile?"

"Sijui, dada."

"Na mimi sijui."

Mbali jangwani mbwa akalia mara moja. Piruza akakaza macho mashariki, Abdulbari akakaza macho mashariki.

"Atavuka," alisema Piruza.

"Atavuka," alisema Abdulbari.

Wakakaa hivyo wakimsubiri avuke, mpaka jua likachomoza likawapiga usoni wote wawili.

Ngano imefika ukingoni. Inatufundisha kwamba mtu aweza kuhama mahali pake pa kusali, lakini aliyemzaa ni yule yule. Na kwamba anayetaka kufunguliwa lango na wenziwe, kwanza aseme kweli juu ya mlango alioufunga mwenyewe. Aliyeipenda akamsimulie jirani. Asiyeipenda aniachie, nitaifanya mto nilalie.

Na mkiniuliza nani alimsikia mbwa akisema, mimi niliwahi kumuuliza wa kwangu kama ni kweli. Alinitazama, akapiga mwayo, akaniambia nilete mkate kwanza.

Mmesikia?
— Tumesikia!
Basi inukeni, mkalale!