Mwanamke Aliyekataa Kusamehewa

Imepokewa kutoka kwa watu wa kale, na Mwenyezi Mungu ndiye Mjuzi wa yote, kwamba katika mji mmoja wa Iraki aliishi mwanamke mcha Mungu akiitwa Lubaba binti Harithi. Jina la mji wapokezi wamelinyamazia, na nadhani wamefanya hivyo kuilinda heshima ya kadhi wake. Bibi huyu alikuwa mtu wa kusimama usiku kwa sala na kufunga mchana, na juu ya hayo alikuwa na mume. Wanaojua wamesema kwamba thawabu zake nyingi zilitoka katika hili la mwisho.

Mume huyo, Dhakwani, hakuwa mtu mwovu. Angekuwa mwovu, mkewe angejua pa kumshtakia. Alikuwa mja mwema wa ile aina ambayo wema wake haufiki nyumbani. Akitumwa kuni, atakuta mgonjwa wa kuzuru. Akitumwa maji, atakuta darsa, na mtungi utakaa mlangoni mwa msikiti mpaka waumini waumalize kwa kutawadha. Ukimlaumu, anakusomea fadhila za alilolifanya, na fadhila zenyewe ni za kweli, hata huna la kumjibu.

Siku moja Bi Lubaba aliteleka dengu, akakuta chumvi imekwisha.

"Baba," akamwambia mumewe, "nakuomba kwa haki ya Mola wako. Nenda dukani, nunua chumvi, rudi. Usimzuru mtu, usimzike mtu."

"Na nikikutana na jeneza?"

"Mwambie maiti asubiri, chumvi kwanza."

"Astaghfirullahi, mke wangu!" Dhakwani akacheka, akatoka mbio. Kwa haraka yake alivaa viatu vya mkewe, vile vya kanda nyekundu, na vyake akaviacha kizingitini.

Dengu zikaiva, zikapoa, zikaganda. Alasiri jirani yake, Ummu Jundubi, akachungulia juu ya ukuta.

"Mwenye nyumba bado?"

"Bado. Wallahi, jirani, safari hii akirudi nitamuua!"

Basi. Hayo ndiyo maneno yote. Hakuna mwanamke mtaani mle aliyekuwa hajawahi kuyasema, na waume wote walikuwa hai na wamenawiri. Ni maneno ambayo sheria ikianza kuyahesabu, mji hautabaki na mwanamume wa kusalisha.

Lakini Dhakwani hakurudi siku ile, wala mwezi ule. Ndugu yake, Ubaydi, akaja kuuliza, akaambiwa alikwenda kununua chumvi. Akauliza tena baada ya muda, akapewa jibu lile lile, na jibu la namna hiyo huzidi kuchacha kadiri linavyokaa. Hapo ndipo Ummu Jundubi alipokumbuka aliyoyasikia ukutani. Ubaydi akaenda kwa Kadhi.

Kadhi huyo alikuwa msomi, mwadilifu, hali rushwa, tena alikuwa amepata muhuri mpya. Akamwita Bi Lubaba, akamwonyesha viatu vilivyookotwa kizingitini.

"Vya nani hivi?"

"Vya mume wangu."

"Mtu gani aende safari aache viatu vyake?"

"Huyo huyo. Ungemjua, Kadhi, usingeuliza."

"Kwa hiyo alikwenda peku?"

"Alikwenda na vyangu."

Karani akainua kichwa. "Niandike kwamba marehemu alitoka na viatu vya kike?"

"Si marehemu!" akasema Bi Lubaba.

"Andika kwamba mshtakiwa anabishana na karani," akasema Kadhi.

Ummu Jundubi akaletwa, akashuhudia huku analia. "Nampenda kama dada yangu, nisingesema. Lakini nimeulizwa." Kila aliyekuwa mle alijua kwamba ushahidi wa mtu mmoja hautoshi kumwaga damu. Kadhi naye alijua, na kwa huruma aliyokuwa nayo akamfungulia Bi Lubaba mlango mpana kabisa.

"Mama, huyu ni shahidi mmoja tu. Maneno haya uliyasema, au hukuyasema?"

Angekana, kesi ingefia pale pale. Wanawake waliojaa nyuma walimtikisia vichwa mpaka shungi zikawaanguka. Bi Lubaba akawatazama, akamgeukia Kadhi.

"Niliyasema."

"Uliapa kwa jina la Mwenyezi Mungu?"

"Niliapa. Lakini nilisema *akirudi*. Na hajarudi! Hiyo ndiyo kesi yangu mimi, nami ningekuletea zamani kama ungekuwa na nafasi."

"Kiapo cha Muislamu si mchezo," akasema Kadhi. Akapanga kiapo, na viatu, na mtu asiyeonekana, akaona vitu hivyo vitatu vimekaa vizuri pamoja, akamhukumu Bi Lubaba kwa kumuua mumewe. Muhuri ukapigwa. Wanazuoni waliokuja baadaye waliisoma hukumu hiyo. Wengine walicheka, wengine walishika vichwa.

Sasa kisasi kilikuwa mkononi mwa Ubaydi, maana ndiye mwenye damu. Akitaka, upanga. Akitaka, msamaha. Naye hakuwa mtu wa upanga. Akaenda gerezani na kapu la tende, akakaa chini.

"Shemeji, kiri nikusamehe, haya mambo yaishe."

"Nikiri nini?"

"Kwamba umemuua."

"Sijamuua."

"Najua ni vigumu kulisema."

"Si vigumu kulisema, shemeji. Ni uongo kulisema."

"Basi uongo wenyewe si ndio utakaokuokoa na upanga! Nitamsameheje mtu asiyetaka kukosa? Watu watasema nimeuza damu ya ndugu yangu."

"Na baada ya upanga, je? Huko niendako hakuna karani wa kumdanganya."

Ubaydi akanyanyuka kwa hasira, akasahau kapu. Akarudi tena na tena, na kila mara aliondoka amekasirika zaidi, na kila mara alimwomba Kadhi amwongezee muda. Bi Lubaba alikuwa akisali na kulia, maana waja wema nao wana shingo. Alimwambia Mola wake: "Ya Rabbi, Wewe unajua alipo. Mimi sijapata kujua alipo tangu uliponioza." Hata Kadhi akamtumia ujumbe: akiri, kwa ajili ya Mungu, kila mtu amechoka. Akajibu kwamba yeye pia amechoka, ila kuchoka hakujawa ushahidi.

Mwishowe Kadhi akasema hakuna muda tena. Mahujaji wakisharudi na miezi mitukufu ikisha, Ubaydi atatamka mbele ya watu: upanga, au msamaha kwa aliyekiri.

Siku ikafika. Mahakama ikajaa hadi madirishani. Bi Lubaba akaletwa na minyororo yake.

"Kwa mara ya mwisho, mama," akasema Kadhi. "Umemuua mumeo?"

"Kwa mara ya mwisho, Kadhi: hapana."

"Ubaydi, tamka."

Ubaydi akafungua kinywa atamke. Pale mlangoni kukawa na msukumano. Akapenya mtu mmoja aliyebabuka kwa jua, kiriba cha maji ya Zamzam begani, vumbi hadi kwenye nyusi, na miguuni amevaa viatu vya kike vilivyochakaa, vya kanda nyekundu.

"Assalamu alaykum," akasema. "Nimefika nyumbani nimekuta pamefungwa, nimeambiwa wote wako huku. Kwani amekufa nani?"

Karani, kwa mazoea ya kazi, akamjibu: "Wewe."

Ubaydi akamrukia ndugu yake shingoni akilia kama mtoto. Watu wakapiga takbira hadi njiwa wakaruka darini. Bi Lubaba alimtazama mumewe kuanzia nyusi mpaka kwenye viatu, kisha akauliza:

"Chumvi iko wapi?"

Dhakwani akajipapasa kiunoni. "Ah! Njia nzima nilijua kuna kitu nilitumwa."

"Ulikuwa wapi?"

"Niliwakuta mahujaji wageni wanapita mjini, mke wangu. Nikasema niwasindikize hatua chache."

"Mpaka wapi?"

"Mpaka Makka."

"Na mwaka jana wenzako waliporudi?"

"Siku ile nilikuwa nje ya mji wa Makka, nawasindikiza watu wa Yemeni."

Kadhi alifurahi kwa dhati, hilo tumpe. Lakini karani alikuwa amekwisha kumwinamia sikioni. Hukumu ina muhuri, akamnong'oneza. Kuitengua ni lazima aandikiwe gavana, na gavana atataka maelezo.

"Maelezo ya nini?"

"Ya namna marehemu alivyoingia mahakamani, bwana wangu."

Kadhi akashika ndevu, akafikiri, uso ukamnawiri. "Iko njia nyepesi kuliko hiyo. Mwenye damu ana haki ya kusamehe. Na nani ana haki ya damu hii kuliko mwenyewe aliyeuawa? Dhakwani, sema umemsamehe mkeo, aende zake nyumbani, na hukumu ibaki mahali pake salama."

"Hilo tu?" akasema Dhakwani, ambaye hakupata kukataa jema lolote. "Mke wangu, nimeku—"

"Funga kinywa, Dhakwani! Unanisamehe nini?"

"Sijui, lakini Kadhi anasema…"

"Usiniongezee."

"Mama," akasema Kadhi kwa upole wa mtu anayekaribia kuupoteza, "ni neno moja tu."

"Neno moja ndilo lililonileta hapa."

Wanawake wakapiga kelele kutoka nyuma: "Kubali, mwenzetu, tukale!" Ubaydi akashika kichwa. "Shemeji, mtu mwenyewe huyu hapa, anapumua! Kubali tu, kuna ubaya gani?"

"Ubaya ni kwamba anayesamehewa ni aliyetenda," akasema Bi Lubaba. "Nilikataa kukiri mbele ya upanga, nije nikiri mbele ya mlango ulio wazi? Nirudisheni gerezani. Kule angalau wanajua sijaua."

Askari wakatazamana, hawakujua washike mnyororo au wauachie. Ndipo sura yake ilipobadilika, hasira ikamshuka, akasema kwa sauti ya mwanafunzi mbele ya mwalimu:

"Ila, Kadhi, nina swali, nalo limenishika tangu alipoingia huyu. Niliapa kwa jina la Mwenyezi Mungu kwamba akirudi nitamuua. Amerudi. Na Mola ananiona, hamu ninayo, lakini simuui. Je, nina kafara ya kiapo? Nifunge?"

Wapokezi wote wamekubaliana kwamba hakukuwa na hila usoni pake. Aliuliza kwa sababu alimwogopa Mungu. Na Kadhi, baada ya asubuhi ile ndefu, alifurahi kupata swali ambalo jibu lake analijua.

"La, mama, tulia moyo. Kile hakikuwa kiapo. Yale ni maneno ya uchovu, yalikutoka mdomoni na moyo haukuyakusudia, na Mola wetu hamshiki mja kwa hayo. Hata mtoto wa chuo cha Kurani analijua hili. Huna kafara, wala huna…"

Akayasikia maneno yake mwenyewe. Karani naye akasimamisha kalamu.

"Bwana wangu," akauliza taratibu, "hilo nalo niandike?"

Hapo mtihani ukahama kutoka kwa Bi Lubaba, ukamkalia Kadhi. Neno "usiandike" lilikuwa karibu kabisa; karani angelitii, na watu wa nyuma hawakuwa wamesikia vizuri. Kadhi akautazama muhuri wake mpya. Akamtazama yule mwanamke aliyeulizwa siku ile, "ulisema au hukusema," mlango ukiwa wazi, akajibu ukweli.

"Andika," akasema. "Andika kwamba Kadhi amejua leo jambo ambalo mtoto wa chuo alilijua mwaka jana. Kisha niletee karatasi nimwandikie gavana."

Akashuka kitini, akasimama mbele yake. "Binti Harithi, anayehitaji kusamehewa mahakamani humu ni mimi."

Bi Lubaba akaiangalia mikono yake namna minyororo ilivyoichubua, na Kadhi akaiangalia pia, akainamisha kichwa. Watoto waliokuwa madirishani wakaacha kusukumana.

"Nimekusamehe," akasema Bi Lubaba.

Dhakwani akasogea kwa furaha. "Na mimi?"

"Wewe subiri."

Inasemwa kwamba siku tatu Bi Lubaba alifunga hata hivyo. Alisema fatwa ya Kadhi ni sahihi na hana kafara, lakini ulimi wake ulistahili kufundishwa adabu. Siku ya kwanza Dhakwani aliomba apike futari yeye, akabandika dengu, na chumvi ikawa hakuna. Akasimama mlangoni, kichwa chini. Mkewe akamvisha viatu vyake mwenyewe, akajitanda ushungi, na safari hii akamsindikiza.

Basi, ndugu zangu, kusamehe watu makosa wasiyoyatenda ni kazi nyepesi, na sisi tuliokalia viti tunaifanya kila siku kwa ukarimu mkubwa. Kazi ngumu ni kumwomba radhi tuliyemkosea hali muhuri uko mkononi mwetu. Mola atujaalie ulimi usiokiri uongo hata mbele ya upanga, na magoti mepesi ya kushukia kitini, na wake zetu awajaalie waume wanaorudi na chumvi. Amin.